Opiyo Alilala Mkekani Mara Mbili

Kabla sijafika kwa watoto niwaambie kwanza juu ya farasi mmoja wa kike, mwekundu, mguu mmoja wa nyuma mweupe. Nikianza na watoto moja kwa moja nitakwama. Nimejaribu, nikakwama.

Nilikuwa saisi. Nyinyi vijana mkisikia saisi mnafikiri ni jina la mtu. Saisi ni yule wa kuosha farasi, kumlisha, kumtembeza, na kukesha naye akishikwa na tumbo. Kibera ya wakati wetu ilijaa masaisi, maana uwanja wa mbio uko ng'ambo tu ya Ngong Road. Mtu alikuwa anakunywa chai ya rangi, anatembea, anafika kazini miguu ikiwa na umande. Mkubwa wetu alikuwa Mzee Abdalla, Mnubi wa Makina hapo hapo Kibera, mfupi, kofia yake nyeupe haijawahi kuwa na doa hata moja, na kazi yenyewe ni ya mavi ya farasi, sasa mjiulize. Hakusoma. Mimi nilifika darasa la tatu huko Malava, kwa hivyo kwa kalamu nilimshinda kidogo. Kwa macho hakuna aliyemshinda.

Huyo farasi mwekundu alikuwa amenunuliwa na mtu mkubwa, na mbio zilikuwa Jumapili. Mzee Abdalla akaniambia nikimbie naye kwenye lami, niende nirudi. Nikaenda nikarudi. Tena. Tena. Nikawa nahema kuliko farasi.

"Umeona?" akaniuliza.

"Miguu yote iko sawa, mzee."

"Wewe Mluhya, nani alikwambia mguu ndio unasema? Mguu ukiwa na uchungu unajificha. Angalia kichwa. Mguu wa mbele ukigusa chini na uchungu uko hapo, kichwa kinaruka juu kama mtu amekanyaga moto. Kimbia tena."

Nikakimbia, yeye akatazama, akasema ni mguu wa mbele wa kushoto. Daktari wa mifugo alikuwa ameshasema farasi ni mzima. Mwenye farasi akacheka. Mzee Abdalla akamwambia tena kesho yake, na kesho kutwa akamwambia tena, mbele ya watu, mpaka yule mwenye farasi akamtoa kwenye mbio ili tu huyu mzee anyamaze. Walipofungua kiatu cha chuma cha ule mguu wakakuta msumari umeingia pabaya, usaha umejaa. Hakuna aliyemwambia asante. Alienda akanawa mikono, akaswali.

Hiyo ndiyo shule yangu. Miaka mingi niliangalia vitu vinavyotembea, na macho yangu yakazoea kuuliza: kipi hapa hakifuati kingine? Mpaka leo nikiona mtu anashuka daraja la reli najua goti gani linamuuma. Mke wangu alikuwa ananikataza, anasema ni tabia mbaya, watu watadhani nawatamani.

Basi wakapunguza watu kule kwa farasi, nikawa mmoja wa waliopunguzwa. Nikakaa bila kazi. Kisha nikapata uaskari wa getini Kawangware, pale steji ya 46, kwenye jengo ambalo watu wa utafiti walikuwa wamekodisha vyumba viwili. Nilijua ni mambo ya watoto wachanga, nilikuwa naona akina mama wakiingia na shali. Sikujua zaidi. Kazi yangu ilikuwa geti.

Siku moja mvua ilinyesha, nikajikinga dirishani. Ndani kulikuwa na daktari wa kike, Daktari Njeri, anatazama video kwenye kompyuta. Mtoto amelazwa chali kwenye mkeka, na nepi tu. Halii, hanyonyi, analala tu macho wazi akirusha miguu. Sikukusudia kuongea. Mdomo ulisema wenyewe.

"Huyo, shingo yake haimfuati."

Akageuka. "Mzee, umesema nini?"

"Samahani daktari. Nilikuwa najikinga mvua."

"Hapana, rudia."

Nikarudia. Akaniita ndani na buti zangu za matope. Akaniwekea mtoto mwingine. Nikasema huyu yuko sawa. Akaweka mwingine, nikasema huyu ni kama amefungwa kamba, ikivutwa anakaza wote, ikiachiliwa analegea wote. Akavua miwani.

"Umejifunzia wapi haya?"

"Kwa farasi."

Alicheka mpaka akashika meza. Lakini mwezi uliofuata sikuwa getini tena.

Sasa hapa ndipo nataka msikilize, nyinyi mnaoandikwa kwa miradi hii na mnapewa tablet hata kabla hamjajua njia za mtaa. Walikuwa wanachunguza ubongo wa mtoto mchanga unavyokua huku kwetu. Ubongo huwezi kuuona, uko ndani ya mfupa. Lakini mtoto wa miezi mitatu anakuonyesha, kama una macho. Mtoto mzima hatulii. Shingo, vifundo vya mikono, vidole vya miguu, vyote vinacheza kidogo kidogo, huku na huku, kama maji ya sufuria yanayotaka kuchemka lakini bado. Ukiona huo mchezo, mshukuru Mungu. Ukikosa huo mchezo, mtoto hana homa, hana kidonda, mama anasema ni mpole hasumbui, na kumbe kuna mahali pameumia, labda alipochelewa kulia siku ya kuzaliwa.

Na Daktari Njeri alisema jambo ambalo nimelibeba mpaka leo. Alisema huyo mtoto akijulikana mapema, akapelekwa kliniki ya mazoezi, mama akafundishwa namna ya kumshika na kumgeuza na kumchezesha, ubongo unaweza kutafuta njia nyingine. "Ni kama simiti, mzee. Bado mbichi unaweza kuichora. Ikikauka, ni nyundo."

Kwa hivyo kazi ilikuwa kuwapata mapema. Na mimi nilikuwa wa kuwatafuta nyumbani, kuwaleta, kuwaandika namba na kuwalaza.

Kulaza mtoto ni kazi, msiidharau. Mama wa Nairobi anamvalisha mtoto kama kitunguu, unatoa sweta, chini kuna sweta. Usimtoe zote kwa mara moja, ataanza kulia na video imeharibika. Ongea na mama, toa moja, ongea, toa nyingine. Mkeka uwe umeota jua. Mtoto awe ameshiba lakini si sasa hivi, akishiba sasa hivi atalala. Na ukishamlaza, ondoka, ondoa uso wako. Mimi mwanzoni nilikosea hapo. Nilikuwa nasimama nyuma ya kamera na funguo zangu za zamani za geti, nazitikisa ili watoto wasilie. Hawakulia kweli. Wiki nzima ya video, watoto wote wamegeuza shingo upande mmoja wanatafuta funguo. Daktari Njeri alidhani amegundua ugonjwa mpya wa Kawangware. Nilipomwonyesha funguo hakunisemesha mpaka saa ya chai.

Halafu kulikuwa na kofia. Kofia yenyewe ilikuja na fundi wake, kijana anayeongea kwa pua. Ina taa ndogo ndogo za leza. Yule kijana alinieleza kwamba mwanga unaingia kupitia mfupa wa mtoto, kwa sababu bado mwembamba, unazunguka ndani kwenye damu, unatoka tena umepungua, na kwa kupungua huko wanajua ni sehemu gani ya ubongo inafanya kazi. Nilimuuliza, haichomi? Akaiweka kwenye mkono wangu. Haichomi. Vidole viliwaka vyekundu tu kama vya mtu ameshika jua.

Lakini nenda ukaeleze hivyo Silanga, kule Kibera, tulikokuwa na chumba kingine. Walisema tunanyonya akili za watoto tunapeleka nje. Mama mmoja alinifukuza na mwiko. Mwingine alisikiliza kwa makini sana mpaka mwisho, kisha akauliza, "Hiyo kofia inaweza kuvalishwa mtu mzima?"

"Kwa nini, mama?"

"Nina mume."

Kutoka hapo nikaitwa Mzee Kofia, Kibera mpaka Kawangware.

Na nywele! Leza haipendi nywele nyingi. Fundi alihangaika, anagawanya nywele za mtoto kwa kijiti kama anapanda sukuma wiki. Nikaenda kwa Mama Halima, mjane wa Mzee Abdalla, mkunga wa Makina. Akacheka. Akasema, kwani hamna masikio? Sisi mtoto akifika siku ya saba ananyolewa. Akanielekeza nyumba baada ya nyumba, vichwa vinang'aa. Waluo na Waluhya wao wana nywele zao, wana taratibu zao, huwezi kumwambia mama nyoa. Mama Halima akanifundisha kuuliza hivi: "Nywele za kwanza za huyu zitatolewa lini, na nani?" Usiseme nyoa. Ukiuliza vile unajibiwa vizuri na unapewa hata chai. Ofisi ilishangaa kwa nini mimi sikataliwi. Hakuna dawa, ni kuuliza.

Sasa gari.

Gari lilikuwa wazo langu, na sitaficha. Mtoto akionekana na shida alikuwa anaandikiwa karatasi aende kliniki ya mazoezi, na kliniki iko mbali, mama anabeba mtoto, anachoka, anaacha. Nikasema kwenye mkutano, mbele ya wasomi wote, kwa nini gari lisiende kumchukua mlangoni? Walipiga makofi. Mimi nilipigiwa makofi, mtu wa darasa la tatu. Nilitembea kwenda nyumbani kama nimenyweshwa kitu.

Haikupita muda, mtaa wote ulijua. Gari jeupe likisimama kwenye ploti yako, mtoto wako ndiye yule. Hakuna haja ya mtu kusema. Majirani wanahesabu milango. Mama mmoja wa Silanga aliamka akakuta mume amebeba redio na godoro, ameenda, kwa sababu mama yake alimwambia kwao hakuna watoto wa namna hiyo. Nilisikia hiyo habari. Niliisikia na masikio yangu na sikurudi ofisini kusema gari liondolewe. Ningesemaje? Ndilo jambo pekee nililowahi kupigiwa makofi.

Kulikuwa na mama mmoja, Rose, anakaa Laini Saba, Kibera hiyo hiyo, karibu kabisa na reli, anauza omena na nyanya mbele ya mlango. Mume wake ni fundi wa kuchomelea milango ya chuma hapo hapo. Mjaluo mpole, anaongea kidogo, macho mekundu kwa sababu ya ule moto. Walipata mapacha wa kiume. Kwa Waluo jina la pacha halitafutwi, wa kwanza ni Opiyo, wa pili ni Odongo. Odongo alichelewa kutoka, na alipotoka hakulia. Rose mwenyewe aliniambia. Walimpiga mgongoni, wakamwinua miguu juu, baadaye akalia kama paka.

Walikuwa wanafanana kama maharagwe mawili. Lakini mimi nilipowaona mara ya kwanza, kabla hata sijanywa maji niliyopewa, nilijua. Opiyo alikuwa anachemka. Odongo alikuwa amelala na ngumi zake zimefungwa, kidole gumba ndani.

Wakafika Silanga siku yao ya video, Alhamisi, foleni ndefu. Nilikuwa nakaa nje kwenye kiti cha plastiki, na roli la plasta nyeupe na kalamu. Kila mtoto nilimfunga kipande cha plasta kwenye kifundo cha mguu, na namba yake. Ndiyo ilikuwa njia yetu. Daktari hakuwa anajua sura, alijua namba. Nikamwandika Opiyo, akaingia, akalala mkekani, akacheza vizuri sana, akatoka. Rose akaenda naye nyuma ya pazia tulilokuwa tumewawekea akina mama wa kunyonyesha. Alikaa huko. Akatoka amembeba mmoja mgongoni ndani ya shali, mwingine mikononi.

"Mzee Kofia, niandikie sasa wa pili. Odongo."

Nikashika mguu. Ule mguu ulikuwa unarusha. Na kwenye kifundo kulikuwa na ile gundi ya kijivu ambayo plasta ikibanduliwa inabaki.

"Mama, huyu nimeshamwandika."

"Hapana, baba. Uliyemwandika ni huyu wa mgongoni."

"Rose."

Akacheka kidogo, ile ya kutoa pumzi tu. "Ni mapacha, mzee. Hata mimi huwa nachanganya."

Nyuma yake mama mwingine akapaza sauti, "Kwani huyo anaandikiwa title deed ya shamba? Tusonge!"

Rose akainama kama anarekebisha soksi ya mtoto. Akaniambia karibu na sikio, "Mama mkwe anafika Jumamosi kutoka Siaya kuwaona. Gari likikuja kwangu wiki hii, baba, mimi nimekwisha. Andika. Tafadhali."

Nikaandika namba ya Odongo kwenye mguu wa Opiyo.

Mtaniuliza kwa nini. Nimejiuliza pia. Nilimhurumia, ndiyo. Niliona aibu ya gari langu, ndiyo. Foleni ilikuwa ndefu. Na nilikuwa na njaa, sijala tangu asubuhi. Hiyo pia ni kweli na siwezi kuiacha. Mambo makubwa ya maisha yangu mengi niliyafanya nikiwa na njaa.

Nilijiambia ni kwa wiki mbili tu. Mama mkwe akirudi Siaya nitaenda kwa Daktari Njeri, nitamwambia kulikuwa na makosa ya plasta, tumlete tena. Makosa ya plasta hutokea. Nani angejua?

Sasa sikieni kilichotokea. Daktari Njeri akaipenda ile video. Akaweka mbili kando kwa kando, Opiyo huku na Opiyo kule, akasema tazama mapacha wanavyorusha miguu sawa, hata mdundo ni mmoja! Wageni wakaletwa. Wazungu wawili na Mhindi mmoja wakasimama nyuma ya kiti chake wakishika kidevu. "Mzee Kofia," akaniita, "njoo uone watoto wako." Nikaenda. Nikatazama. Nikasema, "Kweli wanafanana."

Alhamisi moja ilipita hivyo.

Kila mwezi nilikuwa napita Laini Saba na sabuni ya mradi, kuona watoto. Opiyo akaanza kukaa mwenyewe. Odongo, Rose alimweka kwenye beseni la plastiki, akamzungushia nguo ili asianguke. Kutoka mlangoni ungedhani anakaa. Kichwa kiliinama upande kama kinasikiliza kitu chini. Miguu ikaanza kupishana kama makasi.

"Atakaa," Rose alisema. "Hata baba yake alichelewa."

"Rose, twende kliniki. Sitaleta gari. Tutembee mimi na wewe, nitambeba."

"Halafu nikifika? Si watafungua kitabu? Kitabu kinasema ni mzima. Nitawaambia nini?"

"Nitasema mimi."

Akaacha kupanga nyanya. "Utasema lini?"

"Alhamisi."

Alinitazama vile mtu anatazama anayemwahidi kitu, anataka kuamini. Alhamisi ikafika, nikafika ofisini mapema, nimenyoa ndevu. Daktari Njeri alikuwa na wageni wengine. Alhamisi nyingine alikuwa amefiwa. Nyingine alikuwa peke yake, ameketi, anakula machungwa, akanipa kipande. Nikala. Tukaongea juu ya bei ya unga.

Nikaanza kumfanyia mtoto mazoezi mwenyewe. Hili msilifanye kamwe. Nilikuwa nimeona kliniki mara mbili tatu wanavyofanya, nikachanganya na nilivyokuwa nakanda miguu ya farasi. Nilimvuta miguu, akalia mpaka Baba Opiyo akazima mashine yake ya kuchomelea akaja. Alisimama mlangoni na miwani nyeusi kwenye paji la uso. Hakunigombeza. Alimchukua mtoto kutoka kwa mikono yangu, akamshika kifuani, na yule mtoto akanyamaza.

"Mzee," akasema, "huyu ana nini? Wewe ndiye unafanya kazi na hao watu. Sisi tulisaini kila karatasi."

"Wanaendelea kuangalia," nikamwambia.

"Wanaangalia nini?"

Rose alikuwa ndani, nyuma ya pazia la kitanda. Sikumwona lakini nilijua amesimama. Nikasema lazima nipite nyumba nyingine, nikaondoka.

Vijana, kuna kitu hawatawafundisha kwenye semina zao za hoteli. Watawafundisha siri ya mgonjwa, idhini, sahihi, kidole cha wino. Mimi pia nilifundishwa, nikapewa na cheti. Hawatawafundisha kwamba mtoto anaweza kupotea mikononi mwenu bila mtu kuiba, bila mtu kuchukia, kila mtu akimpenda. Mimi nilimpenda yule mtoto. Nilimnunulia kofia ya sufu, ya kijani. Na nilimwacha akauke kama simiti, mwezi kwa mwezi, huku najua siku zinazobaki kuliko mama yake, kuliko baba yake, kuliko mtu yeyote Laini Saba. Hakuna maneno nimepata ya kupunguza hapo. Nimezeeka nikiyatafuta.

Na msidhani wakati ule nilikuwa nimelala macho kodo kwa huzuni. Nililala vizuri. Nilikula. Nilicheka na watu. Hilo ndilo linanitia hofu zaidi.

Mapacha walikuwa na mwaka na miezi miwili Rose alipokuja Silanga mwenyewe. Haikuwa siku yake. Opiyo alimwacha kwa jirani, anatembea tayari, anavunja vitu. Alikuja na Odongo tu mgongoni. Sikumwita, hakunisalimia. Akapita kiti changu, akaingia mpaka kwa Daktari Njeri, akafungua shali, akamlaza mtoto kwenye ule mkeka. Nikasimama mlangoni.

Daktari alipiga magoti. Akamshika mkono, akaufungua, ukajifunga. Akamwinua kwapani, miguu ikapishana. Akasema pole pole, "Mama, hii ilianza lini? Alipata homa kali? Alianguka?"

Rose alikuwa anakunja shali.

"Kwa sababu sisi tulimwona akiwa miezi mitatu. Alikuwa mzuri sana. Subiri." Akaenda kwa kompyuta, akatafuta namba, akageuza kioo kiangalie mkeka. "Huyu hapa. Mtazame. Ona miguu."

Na akatokea, mweusi, mnono, na nepi tu, anachemka. Shingo, vifundo, vidole. Plasta nyeupe mguuni na mwandiko wangu. Chini yake, kwenye mkeka ule ule, Odongo amelala kichwa upande, anatazama ule mwanga wa kioo. Alikuwa anapenda mwanga. Alitabasamu.

"Kwa hivyo kuna kitu kilitokea baadaye," Daktari Njeri alikuwa anasema. "Lazima tujue ni nini. Jaribu kukumbuka, mama. Usiogope, hakuna mtu anakulaumu."

Rose alitazama kioo mpaka video ikaisha na ikaanza tena yenyewe.

"Huyo ni Opiyo," akasema.

"Hapana, namba hii ni ya—"

"Wote wawili ni Opiyo. Nilimweka Opiyo mara mbili."

Daktari Njeri hakuelewa mara moja. Nilimwona akielewa. Ilianza kwa mikono, ikaachia kile kipanya cha kompyuta. Akarudi akatazama mtoto, akatazama Rose, na nikadhani atampigia kelele, na Rose alikuwa amesimama wima akingoja hizo kelele kama mtu aliyetembea njia yote kuja kuzichukua. Lakini hakumpigia. Aligeuka polepole akaniangalia mimi pale mlangoni, akavua miwani.

"Mzee," akasema. "Wewe hukosei macho. Ulimshika mguu. Ulijua?"

Rose naye akageuka. Wote wawili wakaningoja. Mtoto peke yake ndiye alikuwa bado anatazama kioo.

Nikasema naenda choo.

Choo kiko nyuma ya jengo, ukitoka unakunja kushoto. Nilikunja kulia. Nikapita kando ya bwawa, kwenye mashamba ya sukuma, mtu mmoja akaniita, "Mzee Kofia, niaje?", nikampungia mkono. Nikavuka reli. Simu ilianza kulia nikiwa Ngong Road, ikalia, ikanyamaza, ikalia. Nilitembea mpaka Kawangware bila kukaa mahali, na kwenye mradi sikurudi tena.